Nani Alilichimba Jiwe Lako?

(Hotuba niliyoitoa Arusha mbele ya waandishi chipukizi wa hadithi za ajabu. Nimeiandika karibu kama nilivyoisema, nikipunguza tu pale nilipojirudia.)

Wakubwa zangu, shikamooni. Wadogo zangu, habari za mchana. Nimeombwa nizungumze juu ya vito vya ajabu katika ulimwengu wa kubuni, na niseme wazi kwamba katika kazi yetu hii hakuna jambo ninalolipenda kuliko hili.

Mliniletea miswada 17. Nimeisoma yote, mingine mara mbili. Katika hiyo 17, miswada 11 ina jiwe lenye nguvu ndani yake. Kuna jiwe linaloponya, kuna jiwe linalofungua mlango angani, kuna jiwe linalomfanya mfalme asionekane na adui zake. Nilifurahi sana. Msikubali mtu awaambie kwamba haya ni mambo ya kuazima. Bibi zetu walituhadithia pete ya Nabii Suleimani iliyotiisha majini. Walituhadithia joka lenye kito kichwani, ambalo usiku hukitua kito chake chini na kuwinda kwa mwanga wake. Na nyumba nyingi zilikuwa na jiwe la nyoka, jeusi, jepesi mkononi, limefungwa kwenye kitambaa kabatini, likingoja siku ya kuumwa mtu. Mawe yenye nguvu ni wenyeji katika hadithi zetu.

Lakini pembeni mwa kila mmoja wa ile miswada 11 niliandika swali lile lile kwa kalamu nyekundu, na wengine wenu mmenifuata pale nje kabla hatujaanza mkitaka kujua nilikuwa na maana gani. Niliandika: nani alilichimba?

Maana mawe yenu yote yanaokotwa tu. Shujaa anaingia pangoni, jiwe linang'aa juu ya mwamba, analichukua, anaondoka. Halina vumbi. Halina dalali. Hakuna aliyeshinda na njaa akilitafuta, wala aliyedhulumiwa fungu lake. Jiwe la namna hiyo ni taa. Likizimika, msomaji hahuzuniki, kwa sababu halikumgharimu mtu chochote.

Mimi nimekulia mji huu huu, na baba yangu mdogo alikuwa dalali wa Tanzanite. Hakuwa tajiri. Alikuwa mmoja wa wale mabroka waliokuwa wakishinda wamesimama barabarani, karatasi nyeupe zilizokunjwa zimejaa mifukoni, mkono mmoja umezifunika muda wote. Siku moja, nikiwa darasa la nne, aliniita uani asubuhi kabla ya shule. Akaikunjua karatasi kwa ukucha, pole pole, na ndani yake palikuwa na kitu nilichodhani ni kipande cha sukari guru. Kahawia, kingo zimevunjika vunjika, ukubwa wa punje ya mahindi. Akakishika kwa kidole gumba na cha shahada, akakiinua kwenye jua, akaniambia nifumbe jicho moja.

Nikaona buluu. Buluu ya wino wa kalamu ya shule, iliyokolea hadi katikati. Akakizungusha kidogo, robo ya mzunguko, na ile buluu ikaondoka, ikaja zambarau. Akakisimamisha wima, ikaja kahawia yenye wekundu, kama chai ya rangi ukiitazama kwenye glasi dirishani. Jiwe ni lile lile, na jua ni lile lile. Nikamuuliza, "Baba, sasa rangi yake ni ipi?" Akasema, "Mwanangu, jiwe hili huliulizi rangi. Unaliuliza upande."

Nilichelewa shule siku ile nikachapwa, na sikujutia hata fimbo moja.

Baadaye nilijifunza kwamba wataalamu wa vito wana maelezo yake. Fuwele yoyote ni mpangilio: chembe ndogo mno zimejipanga safu kwa safu, na safu hizo hurudiwa bila kuchoka tangu ncha moja hadi nyingine. Katika Tanzanite mpangilio huo haufanani pande zote. Nuru ikipita upande huu hunyang'anywa rangi hizi, ikipita upande ule hunyang'anywa zile, na kinachotufikia machoni ni masalio. Baba mdogo hakusoma hayo, lakini alikuwa ameyafupisha vizuri kuliko kitabu chochote nilichokutana nacho.

Naomba tukae na jiwe hili kidogo, maana ndilo mwalimu wangu wa hadithi za ajabu.

Lilijiunda takriban miaka milioni 585 iliyopita, milima ilipokuwa ikisukumwa na kukunjwa katika sehemu hii ya dunia. Kwa kiasi cha kufanyia biashara linachimbwa mahali pamoja tu ulimwenguni: vilima vya Mererani, wilaya ya Simanjiro, ukanda wa kilomita chache ambako mbingu ikiwa safi unauona mlima Kilimanjaro. Dunia yote, halafu mahali pamoja. Mwandishi akibuni hivyo, mhariri atamwambia ametia chumvi.

Mara nyingi linatoka ardhini likiwa kahawia, kama lile la uani kwetu. Ili liwe buluu moja kwa moja huchomwa kwenye joto la takriban nyuzi 500 hadi 600, na likishageuka halirudi tena. Kinachogeuka ni chembe za vanadi, aina ya metali, zilizomo ndani yake, chache mno. Madini yenyewe, zoisaiti, yakiwa safi kabisa hayana rangi. Maana yake urembo wote umekaa kwenye ule uchafu kidogo ulioingia wakati jiwe linajiunda. Ipo hekaya maarufu kwamba radi iliwasha moto nyikani, na wafugaji wa Kimaasai waliopita baada ya moto wakakuta mawe ya kahawia yamekuwa buluu. Siwezi kuiapia hekaya hiyo, ila kila nikipita njia ya Mererani wakati wa kiangazi, nyasi zimekauka hadi upeo wa macho, ninaiwaza.

Sasa shukeni nami chini. Mashimo yale huenda mamia ya mita. Wanaoshuka wanaitwa wanaapolo, na husemwa kwamba jina lilitokana na vile vyombo vya Apollo vilivyokwenda mwezini: anayeshuka kule ni kama msafiri wa anga, kurudi kwake ni kwa majaliwa. Mwamba ule umejaa kinywe, yale yale madini ya kwenye penseli, kwa hiyo mtu akitoka shimoni anakuwa mweusi wa kumetameta kuanzia utosini, macho na meno tu ndiyo yanayobaki na rangi yake. Watoto waliokuwa wakipenyezwa mahali pembamba ambapo mtu mzima hapiti waliitwa nyoka. Na juu, kwenye vilima vya kifusi, wako akina mama wachekechaji. Wanashinda juani na chekecheo, wakitafuta katika kilichotupwa ile chembe moja iliyowaponyoka waliokuwa chini. Mwaka 1998, na tena Machi 2008, mvua kubwa zilijaza maji mashimoni na wachimbaji wengi wakafia humo.

Halafu ipo siku jiwe linamkubali mtu. Juni 2020, mchimbaji Saniniu Laizer aliiuzia Serikali mawe mawili, moja la kilo 9.27 na jingine la kilo 5.103, kwa zaidi ya shilingi bilioni 7.7. Nchi nzima ilimwona akiwa ameyapakata. Lakini mimi humfikiria zaidi Mzee Jumanne Ngoma, aliyeyaokota mawe haya mwaka 1967 na ambaye Taifa lilimtambua kuwa mgunduzi wake. Mwaka 2018 Rais wa wakati huo, John Magufuli, alimzawadia shilingi milioni 100. Mwanzoni mwa 2019 akafariki. Kutoka kuliokota jiwe hadi kupewa mkono wa shukrani wa namna ile ni miaka 51. Mwaka huo huo wa 2018 ukazinduliwa ukuta wa takriban kilomita 24 uliojengwa na wanajeshi kuuzunguka mgodi wote, jiwe lisitoke kwa magendo.

Hesabuni mlivyonavyo hapo. Mahali pamoja duniani kote. Jiwe linalobadilika kwa moto. Jiwe ambalo watu watatu wakilitazama kutoka pande tatu watakula kiapo kwa rangi tatu. Watu weusi wa kumetameta wanaotoka ardhini. Ukuta na askari. Mgunduzi aliyengoja nusu karne. Hakuna hata kimoja nilichobuni, na tayari mna ulimwengu.

Niwaonyeshe basi ninavyofanya mimi.

Katika riwaya ninayoiandika kuna nchi iitwayo Uketo, na katika Uketo kuna kilima kinachotoa jiwe liitwalo mkesha. Linatoka likiwa kahawia. Ukikesha nalo kifuani usiku mmoja mzima bila kufumba jicho, linageuka buluu, na tangu hapo anayelivaa hahitaji usingizi tena. Hachoki. Macho hayamwashi. Mfalme wa Uketo alianza kwa kuwavisha walinzi wake, akafuatia na makarani, kisha wafumaji wa nguo, na nchi yake imewapita majirani wote kwa sababu ni nchi isiyolala.

Nilipofika hapo niliona nimepata jiwe zuri. Kisha nikajiuliza swali la kalamu nyekundu, na nikakaa nalo wiki mbili bila kuandika neno. Nani alilichimba? Jibu lilinijia nikiwa kwenye daladala: usingizi haupotei, unahama. Kila usiku ambao mvaaji hakulala, aliyelitoa jiwe ardhini analala badala yake. Aliyechimba jiwe moja huchelewa kuamka. Aliyechimba matatu huamka adhuhuri. Aliyechimba kumi amelala tangu masika, na mke wake humgeuza ubavu asubuhi na jioni asipate vidonda vya kitandani. Mji wa kilimani umejaa waliolala. Wanapumua, ndevu zinaota, kucha zinakua. Kule mji mkuu hakuna anayejua, kwa sababu jiwe limepita mikono ya madalali saba, na mfumaji aliyelivaa hakumwona hata wa kwanza wao.

Msichana wa hadithi anaitwa Sikujua. Naomba niwasomee kipande kifupi:

"Sikujua alipoza uji kwa kuumimina kutoka kikombe hiki kwenda hiki mpaka ukaacha kutoa mvuke. Akakipakata kichwa cha baba yake, akamtilia kijiko cha kwanza, akamsugua koo kwa kidole ili ameze. Akameza. Akamweleza habari za siku: mbuzi amezaa mapacha, na Mzee Tuma wa nyumba ya pili naye leo hakuamka. Kijiko cha pili. Nje, watu wa mfalme walikuwa wakipima mawe kwenye mizani ya shaba, na kila jiwe lilipogonga sahani ya mizani alimsikia baba yake akivuta pumzi ndefu, kama mtu anayezidi kuzama."

Hapo ndipo jiwe langu lilipoanza kunitisha mimi mwenyewe, nikajua sasa lina uzito.

Na bado Mererani haikuacha kunifundisha. Tanzanite ina upande mmoja ambao ukiigonga vibaya inapasuka, wazi kabisa, kama kuni kavu iliyopatwa na shoka sawasawa. Wakata vito wanaujua upande huo na wanauogopa. Ndiyo maana baba mdogo hakukubali jiwe lidondoke hata juu ya zulia. Nikalichukua jambo hilo nikalipeleka Uketo. Mkesha hauvunjiki kwa nyundo wala kwa moto, ila kwa kugongwa upande mmoja tu, na ukivunjika, usingizi wote uliohama unamrudia aliyeuvaa. Kila jiwe lina upande wake. Anayeujua ni mmoja: mkono uliolibandua mwambani gizani, ukaupapasa ule upande kwa kidole gumba. Na mwenye mkono huo amelala.

Nawaambia kweli, nilipopata hilo niliandika sura sita bila kusimama. Sikujua anapaswa kulifuata jiwe la baba yake hadi shingoni mwa mlinzi wa mfalme, na kisha ajue alipige wapi, na mtu pekee wa kumwambia hasikii. Anachofanya ni kumshika baba yake mkono wa kulia usiku baada ya usiku, akichunguza kidole gumba kinavyocheza usingizini. Ile rangi tatu nayo ikapata kazi. Shauri linafika barazani, mahakimu watatu wamekaa pande tatu za jiwe, kila mmoja anaapa kwa Mungu wake kwamba shahidi amedanganya rangi, na wote watatu ni waaminifu.

Wazee wetu walijua kazi hii. Fumo Liyongo hakuuawa na mkuki wala mshale. Aliuawa kwa sindano ya shaba kitovuni, na aliyeichoma ni mwanawe. Ondoeni ile shaba na kile kitovu, Liyongo anabaki mtu mwenye nguvu tu, na nani angemkumbuka? Nguvu isiyo na mahali pake pa kuingilia haitoi hadithi. Wengi wenu mawe yenu yanaweza kila kitu. Nimeandika hilo pia pembeni, sitalirefusha.

Jambo la jina. Mwaka 1968 kampuni ya Tiffany ya New York ndiyo iliyoliita jiwe letu Tanzanite na kulipeleka sokoni. Jina la kitaalamu lilikuwa zoisaiti ya buluu, na husimuliwa kwamba waliliacha kwa sababu matamshi yake yanakaribia mno neno la Kiingereza lenye maana ya kujiua. Jina likaliuza jiwe. Nanyi mnaita mawe yenu majina yasiyotamkika, konsonanti sita mfululizo, kana kwamba uajabu unahitaji pasipoti. Kiswahili kina mkesha, kina kiza, kina utusitusi, kina kimondo, kina ndweo. Chukueni neno ambalo msomaji amelitumia maisha yake yote, mlipatie kazi ambayo hajawahi kuliona likifanya. Mkesha kwake ni wa kanisani, au wa msibani, au wa mwaka mpya. Akilikuta kifuani mwa mlinzi wa mfalme atasimama kidogo, na hapo ndipo mnapomtaka.

Na jiwe lisafiri. Almasi ya waridi iliyopatikana kwenye mgodi wa Mwadui, Shinyanga, yenye karati 54.5 (karati ni kipimo cha uzito wa vito), ilitolewa zawadi ya harusi kwa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza mwaka 1947. Ikakatwa ikabaki karati 23.6, ikawekwa katikati ya ua la almasi la kubandika kifuani. Mimi hulifikiria lile vumbi la waridi lililobaki chini ya gurudumu la mkata vito, zaidi ya nusu ya jiwe. Lilikwenda wapi? Mnaweza kuanzia hapo.

Sasa nifike kwenye jambo zito, na naomba mnivumilie kwa sababu siwezi kuzungumzia vitu vya ajabu katika nchi hii nikalipita.

Kuna hadithi iliyosambazwa kwetu kwamba viungo vya mtu mwenye ualbino vinavuta bahati: dhahabu kwa mchimbaji, samaki kwa mvuvi. Ni hadithi ya kubuni, kama zetu. Ina kitu adimu, ina nguvu iliyofichwa, ina mganga anayejua siri. Na watu waliuawa kwayo. Hasa Kanda ya Ziwa, katika miaka ya 2007 na 2008 na iliyofuata, watoto walikatwa viungo mbele ya mama zao. Makaburi yaliibiwa. Wapo waliohama vijiji vyao, wapo waliokulia kwenye vituo vya hifadhi nyuma ya kuta, mbali na wazazi. Mtu aliitunga hadithi ile, wengine wakaisimulia vizuri, ikaaminika.

Kwa hiyo ninaposoma mswada ambamo jiwe linapewa nguvu kwa damu ya mtoto, na mwandishi anapita haraka ili tufike kwenye vita vya mwisho, kalamu yangu inasimama. Sisemi msiandike kafara. Kwenye migodi yetu habari za kafara zinasemwa kila siku, na mwandishi asiyezisikia ni kiziwi. Nasema mkiandika, mtoto huyo awe na jina, awe na mama, awe na kandambili zilizobaki mlangoni. Na nguvu isilipe. Katika ulimwengu wangu hakuna jiwe litakalomtajirisha mtu kwa mwili wa mwenzake na hadithi ikamwacha ale kwa amani. Hiyo ndiyo kanuni niliyojiwekea, na wala si ya ufundi. Nina rafiki mwenye ualbino ambaye alisoma na mimi, na kila nikimaliza sura humwazia yeye akiisoma.

(Hapa nilinyamaza kidogo, nikanywa maji.)

Dada mmoja pale nyuma ameuliza swali kwa karatasi: je, tukijua sana sayansi ya mawe, uajabu hautakufa? Dada yangu, tazama saa yako ya ukutani. Kama ni ya betri, ndani yake kuna kipande cha fuwele ya kwazi kinachotetema mara 32,768 kwa sekunde, na saa inahesabu mitetemo hiyo. Ndugu wawili Wafaransa, Jacques na Pierre Curie, walionyesha mwaka 1880 kwamba ukiibana fuwele ya namna hiyo inatoa umeme. Jiwe unalibana, linajibu. Kule Naica, Mexico, mwaka 2000 wachimbaji walitoboa kuta wakakuta pango lenye fuwele ndefu kuliko twiga wawili waliopandana mabega, na ndani yake joto la karibu nyuzi 58 na unyevu mzito kiasi kwamba mtu asiye na vazi maalumu alihesabiwa dakika. Pango hilo lilikuwa limejaa maji. Pampu za mgodi ndizo zilizolikausha, na pampu ziliposimama maji yakarudi. Fuwele zimefunikwa tena, zinaendelea kukua mahali ambapo hakuna anayeziona. Mimi sijui uajabu ungetaka nini zaidi ya hapo.

Nimalizie na kazi ya nyumbani.

Pale mlangoni kuna kapu. Ndani yake nimefunga vipande vya shabu, ile ile ya sokoni, ya kusafishia maji na ya kinyozi, pamoja na uzi mwembamba. Kila mmoja achukue furushi moja. Ukifika nyumbani chemsha maji kikombe kimoja, saga shabu uitie kidogo kidogo huku ukikoroga mpaka isiyeyuke tena. Chuja kwa kitambaa, uyaache usiku kucha. Asubuhi utakuta chini kuna chembe ndogo zinazomeremeta. Chagua moja, ile yenye kingo safi, ifunge kwa uzi, na hapa utahitaji subira, mimi ilinichukua saa nzima na kibano cha nyusi. Mimina yale maji kwenye kikombe kingine kisafi, uining'inize katikati isiguse ubavu, ufunike kwa karatasi. Usikitikise kikombe. Usikisogeze. Waambie watoto.

Kila siku utaikuta imeongezeka, pande nane, bapa na kali kana kwamba kuna mtu anakuja usiku kuzisugua. Hakuna anayekuja. Keti nayo uiandike: ina uzito gani kwenye kiganja, inaonja nini ukiigusa na ncha ya ulimi, inafanya nini kwenye mwanga wa saa kumi na mbili jioni. Andika pia nani aliiharibu ya kwanza, maana ya kwanza huharibika. Ya kwangu mwanangu aliinywea chai.

Tukikutana tena baada ya wiki tatu, njooni na ukurasa mmoja na jiwe lako. Lifunge kwenye karatasi nyeupe, ikunje mara tatu. Usiliweke mfuko mmoja na funguo.